Dawa ya Kuruka Usajili

Kanduyi, Bungoma
12 Februari 2006

Dada Nyaruai,

Nakusalimu wewe na Mama, pamoja na wateja wako wa miche wanaokusumbua hapo Kibomet. Huku tu wazima. Mvua bado, vumbi limeingia hadi ndani ya boksi la chaki, na kidato cha nne wameanza kuogopa mtihani mapema mwaka huu. Mwambie Mama viatu alivyonitumia vimenitosha, na kwamba ninakula vizuri kuliko anavyodhani.

Sasa pitisha kidole juu ya karatasi hii. Ni laini, haina nukta hata moja. Maisha yangu yote, nikitaka kumwandikia mtu anayeona, ilibidi mtu mwingine ashike kalamu kwa niaba yangu. Wewe peke yako ndiye uliyejifunza breli ili tuandikiane bila mkalimani. Lakini hii nimeichapa mwenyewe, nimejisahihisha mwenyewe na nimeitoa kwenye printa ya ofisi mwenyewe. Ni ya kwanza, na nikaona ije kwako.

Kompyuta imetoka kwa chama chetu cha wasioona. Ni kuukuu, ilikuwa ya ofisi moja ya Nairobi iliyonunua mpya. Chama kilinipa pia programu ya sauti inayosoma kila kilicho kwenye skrini. Sauti yenyewe ni ya mzungu, na akisoma Kiswahili utadhani ana kiazi moto mdomoni. Wewe anakuita Nyaruwei.

Mashine ilifika tupu. Fundi mmoja wa mjini, Kimeli, ndiye aliyeniwekea Windows XP kwa diski yake. Kwa kawaida ukiiweka ni lazima uisajili kwa wenyewe walioitengeneza, la sivyo baada ya muda inakufungia mlango. Kimeli ana dawa ya kuruka usajili huo. "Mwalimu, hiyo ni kitu kidogo, bana," aliniambia, na kweli hakukawia.

Kwa hiyo mradi wangu wa shahada umeanza upya. Unakumbuka mwaka jana yule mchapaji alihamia Webuye na kurasa zangu, nikakosa kuwasilisha. Chuo hakipokei breli. Wamenipa hadi mwisho wa Septemba na wamesema hakutakuwa na nafasi nyingine. Safari hii simngoji mtu.

Ndugu yako,
Hiram


Kibomet, Kitale
3 Machi 2006

Hiram wangu,

Barua yako ilinikuta nikimwagilia sukuma. Nilisimama nikiisoma hadi mkebe wote ukamwagikia mguu wangu, na Mama akauliza nani amekufa. Nikamsomea. Akataka nirudie pale pa printa. Sasa ameiweka ndani ya Biblia yake na hamwachii mtu.

Huku hatujambo. Rosaline wa shangazi amejifungua msichana. Shamba la Saboti limelimwa, tunangoja mvua tupande. Ng'ombe yule mweusi amezaa dume, Mama amekasirika kana kwamba ng'ombe alifanya makusudi.

Mimi bado nakuandikia kwa kibao chetu cha chuma na msumari wake. Huyo mzungu wako hawezi kusoma nukta zangu, na nafurahi. Haya ni yetu.

Lakini hiyo dawa nieleze vizuri. Mtu akiniletea mche akaniambia nisiulize mbegu ilitoka wapi, mimi siupandi. Huyo Kimeli aliitoa wapi? Na aliyeitengeneza anapata nini? Mtu hakai akahangaikia kitu kigumu hivyo, kisha akakigawa bure kwa watu asiowajua. Nauliza tu.

Ukipiga simu kwa jirani, usipige Jumanne au Alhamisi mchana. Huwa sipo.

Mama anasema uvae sweta.

Nyaruai


Kanduyi
20 Aprili 2006

Dada,

Habari za mvua? Huku imekuja kwa fujo, ikang'oa mabati ya choo cha walimu. Mpe Rosaline pongezi. Na Jumanne na Alhamisi mchana huwa uko wapi? Mama aliponipigia alisema hata yeye hajui, na kwamba unarudi ukiwa umenyamaza kama mtu aliyetoka kanisani.

Kazi inaendelea vizuri. Unajua mradi wenyewe ni majina ya mbegu katika masoko ya Saboti na Kanduyi, jinsi maharagwe yale yale yanavyobadilisha jina yakivuka mto. Mahojiano na rasimu ya sura zote, hadi shukrani, niliyaandika yote kwa breli. Sasa nayasoma kwa mkono wa kushoto na kuyachapa kwa wa kulia. Sura mbili zimekamilika.

Kuhusu dawa, usijali sana. Nusu ya mji huu inaitumia. Sikufichi: mashine imeanza kuwa nzito. Mara kurasa za matangazo zinafunguka zenyewe katikati ya kazi, na mzungu anaanza kunisomea habari za kupunguza unene. Tena chama kilinitumia programu ya sauti iliyoboreshwa, lakini imekataa kuingia. Inataka XP iliyorekebishwa, na hii ya Kimeli ni ile ya mwanzo kabisa. Nikitaka marekebisho, yanakataa kwa sababu mashine haijasajiliwa. Kwa hivyo nimekwama na ya zamani. Kimeli anasema nisijali, ila nisiiunganishe na mtandao mara kwa mara.

Kuna mwalimu mpya wa kemia, Phelista, kutoka Kimilili. Yeye anasema kwenye maabara chupa isiyo na jina haiguswi, iwe inanukia vizuri namna gani. Mnafanana maneno. Ni mwenzangu wa kazi tu.

Dada, nikipata shahada hii, sehemu yake ni yako. Uliacha darasa la saba ili mimi niende shule ya bweni. Sijawahi kulisema vizuri.

Hiram


Kibomet
15 Mei 2006

Hiram,

Salamu zenu zimefika. Mahindi yameota vizuri, ila fuko amekula mstari mzima upande wa mtoni. Mama alikuwa na kifua lakini sasa amepona, na dalili ya kupona ni kwamba anagombana na kila mtu.

Hayo ya darasa la saba tuyaache. Shamba lilihitaji mtu.

Sikukuuliza kama huyo Phelista ni mwenzako wa kazi tu. Wewe mwenyewe ndiye umeona ni lazima uniambie. Mama ameuliza kama anajua kupika mukimo, nikamwambia apunguze haraka.

Hiyo mashine inayosoma matangazo ambayo hukuyaomba siipendi. Ikiwa inaweza kufungua kitu bila wewe kuiambia, inaweza pia kufunga. Tafadhali usitupe zile karatasi zako za breli, hata ukishazichapa. Ziweke mahali pakavu.

Nyaruai


Kanduyi
22 Juni 2006

Dada,

Niko salama. Mvua ni nyingi. Wanafunzi wanafanya mtihani wa mock, ule wa majaribio. Nimetumia breli kwa sababu wino wa printa umeisha. Kazi imenizidi kidogo, nitaandika tena nikipata nafasi. Msalimie Mama.

Hiram


Kibomet
5 Julai 2006

Hiram,

Mama hajambo, shamba halijambo, mimi sijambo. Wewe una jambo.

Mtu akiishiwa na wino anasema wino umeisha, kisha anaendelea kupiga domo. Wewe umeandika kama telegramu ya msiba. Hukutaja mradi. Hukumtaja mzungu wako. Hukumtaja Phelista, na hilo ndilo lililoniogopesha kuliko yote.

Tena umebonyeza nukta hadi nyingine zimetoboa karatasi. Tangu utoto ukiwa na uchungu ulikuwa unatoboa karatasi. Ati wino.

Nangoja.

Nyaruai


Kanduyi
14 Julai 2006

Dada,

Umenishika. Nimekaa na barua yako siku kadhaa kabla ya kukujibu.

Mapema mwezi wa Juni, asubuhi, niliwasha kompyuta nikangoja sauti. Haikuja. Feni ilizunguka, diski ikakwaruza kidogo, kisha kimya. Nilifikiri ni spika, nikabadilisha. Kimya. Nilikuwa nimekaa mbele ya mashine iliyo hai, yenye kazi yangu yote ndani, na sikuwa na njia ya kujua inataka nini. Nilimwita Phelista akasoma skrini. Imeandikwa kwamba programu lazima isajiliwe kabla ya mtu kuingia. Mzungu wangu huamka mlango ukishafunguliwa, na mlango ulikuwa umefungwa. Mtu anayeona angesoma akaelewa. Mimi hiyo ndiyo siku niliyojua watu wanamaanisha nini wakisema giza, maana hili la macho nimezaliwa nalo, na sijawahi kuliona kuwa giza.

Kimeli alisema dawa ya kwanza imeisha nguvu. Akaweka nyingine kali zaidi. Mlango ukafunguka, sauti ikarudi, nikamshukuru sana. Hakuna aliyejua kilichoingia pamoja nayo.

Siku chache baadaye nilibeba kazi yangu kwenye flash disk hadi ofisini ili niichapishe. Katibu akaichomeka kwenye kompyuta yake. Ndimo mitihani yote ya mock ilimokuwa, masomo yote, tayari kuchapishwa. Kufikia jioni kila faili lilikuwa limegeuka takataka, herufi zisizosomeka. Nilikimbia kuangalia zangu. Nazo hivyo hivyo. Sura mbili nzima, na ya tatu niliyokuwa nimeifikisha katikati.

Walimu walikaa wakitunga maswali upya na kuyakata kwenye stensili za zamani. Hakuna aliyenitukana. Afadhali wangenitukana. Mwalimu mkuu, Bwana Wepukhulu, aliniita akasema nisiguse tena kompyuta yoyote ya shule. Aliongea polepole, hakupandisha sauti. Nikiwa mlangoni akaongeza: "Hiram, siku niliyokupa ufunguo wa ofisi, watu waliniuliza kama najua ninachofanya." Nikautoa mfukoni nikamwachia mezani.

Nilimwendea Kimeli. Alikubali kwamba dawa zote mbili aliziokota kwenye mtandao, hajui nani alizitengeneza wala ndani mna nini. Mashine za dukani kwake nazo zimeharibika. Hakunitakia mabaya, na sikuwa na nguvu ya kumgombeza.

Phelista alijitolea kunichapia. Nilimjibu vibaya. Nilimwambia sitaki huruma ya mtu. Sasa tunasalimiana tu, na hata salamu yenyewe ni ya kupita.

Septemba inakaribia. Nadhani nitamwandikia msimamizi wangu kwamba nimeshindwa. Usimwambie Mama.

Hiram


Kibomet
25 Julai 2006

Hiram,

Mama nimemwambia. Alisema neno moja kwa Kikuyu ambalo sitaliandika, akaenda kukama.

Sasa nisikilize. Msimamizi usimwandikie. Zile karatasi za breli hukuzitupa, najua hukuzitupa. Zitie zote kwenye mfuko upeleke posta, vitu vya breli havilipiwi. Nitazichapa mimi.

Usicheke. Unataka kujua Jumanne na Alhamisi naenda wapi? Hapa Kibomet kuna chuo cha kompyuta, kinatazamana na vitalu vyangu vya miche. Wiki ile barua yako ya kwanza ilipofika nilivuka barabara na gumbuti zangu, nikauliza kama wanachukua watu wazima. Nimekaa na wasichana waliomaliza kidato cha nne juzi, wananiita Mathe, yaani mama. Mwanzoni kile kipanya kilikuwa kinanikimbia mezani hadi darasa zima linacheka. Sasa nachapa bila kuangalia vidole. Nilinyamaza kwa sababu nilitaka nifaulu kwanza. Nikishindwa, hakuna ambaye angejua.

Wewe unasoma breli kwa vidole, mimi naisoma kwa macho, lakini breli ni ile ile. Nani mwingine Kitale hii yote anaweza kuweka karatasi yako mezani akaichapa moja kwa moja? Huruma haimo hapa. Ni kazi, na naiweza.

Mambo ya dawa nilimweleza mwalimu wetu, Bi Edah. Hakushangaa. Anasema aliyetengeneza kitu cha kuvunja mlango anajua watu watakiingiza nyumbani kwao kwa hiari, hata wazime ulinzi ili kipite, kwa hivyo anatia ndani chochote anachotaka. Na mashine iliyorukishwa usajili hivyo haipati marekebisho, kila ugonjwa mpya unaikuta bila kinga. Wewe ulipigwa pande zote mbili.

Halafu akauliza kompyuta ilitoka wapi. Nikasema ofisi ya Nairobi. Akasema kompyuta za ofisi kubwa mara nyingi hutoka kiwandani haki yake ikiwa imeshalipwa, na zina kibandiko ubavuni au mgongoni chenye herufi na nambari za usajili. Kitafute, Hiram. Huenda Kimeli alikuwa anaruka ua wakati lango lenyewe ni lako.

Usiiwashe kabla ya hapo, na ile flash disk usiichomeke mahali popote. Kila kitu ndani ya mashine kifutwe. Katika bahasha hii kuna diski aliyoniazima Bi Edah, ndiyo inayolingana na vibandiko vya aina hiyo. Anataka irudi.

Na Phelista. Nenda ukamwombe msamaha sasa hivi, kabla hujafika mwisho wa ukurasa huu. Nangoja.

Umeenda? Haya.

Nyaruai


Kanduyi
24 Septemba 2006

Dada Nyaruai,

Salamu nyingi kwako na kwa Mama. Mwambie nimesikia neno lake hata bila kuandikwa.

Pitisha kidole. Laini.

Naomba radhi kwa kukawia, sikutaka kukuandikia nusu ya habari. Barua yako niliiacha pale uliposema niende, nikaenda. Phelista alikuwa maabara akiosha vyombo. Nilimwambia nilikosea. Akasema anajua. Akanipa kitambaa nipanguse chupa.

Tulikitafuta kibandiko pamoja. Nilikipata mimi kwa vidole, chini kabisa upande wa nyuma, karatasi ndogo iliyoanza kubanduka pembeni. Kukisoma ilikuwa kazi ya Phelista, amelala sakafuni na tochi. Baadhi ya herufi zilikuwa zimechakaa, hakuwa na hakika kama ni B au ni nane. Tukajaribu hivi na hivi hadi ikakubali. Kabla ya hapo alikuwa ameshafuta diski nzima na kuweka XP upya kwa diski ya Bi Edah, pamoja na programu yangu ya sauti ya zamani.

Ukabaki usajili wenyewe. Mtandao wa hapa si wa kutegemewa, kwa hivyo tulipiga simu. Sauti ya mashine ikataka tarakimu ndefu zilizoandikwa kwenye skrini. Phelista akasoma, mimi nikabonyeza. Laini ikakatika. Tukaanza mwanzo. Ikakatika tena. Tulipopata tena tukapewa mtu halisi, mwanamke, akauliza nambari hiyo inatumika kwenye kompyuta ngapi.

"Ni hii moja, mama," nikamwambia, "na ni yangu."

Dada, sijui kama unaweza kuelewa ilivyokuwa kulitamka hilo bila kuficha chochote. Akanisomea tarakimu za majibu, nikazirudia kwa sauti, Phelista akazichapa. Tukangoja. Kisha mzungu wangu akaongea, na kiazi chake mdomoni, akanikaribisha. Phelista alipiga meza hadi chaki zikaanguka.

Marekebisho yote yaliingia. Programu mpya ya sauti nayo ikaingia, hata matangazo ya kupunguza unene sijayasikia tena.

Bwana Wepukhulu nilimwendea mwenyewe. Sikuomba ufunguo. Niliomba nafasi katika mkutano wa walimu niwaeleze kilichotokea, tangu dawa ya kwanza hadi ya mwisho, ili isimpate mwingine. Nilisimama nikaeleza yote. Nilipomaliza, mwalimu wa hesabu akauliza kompyuta za shule zenyewe ziliwekwa na nani. Ziliwekwa na Kimeli, kwa diski ile ile. Walipozichunguza, karibu zote zilikuwa na dawa. Sasa zinafutwa moja moja, na zile zenye vibandiko zimeshasajiliwa. Kimeli mwenyewe alikuja kusaidia, na nadhani alikuja ili ajifunze. Jioni ya siku hiyo mwalimu mkuu alinifuata hadi getini, akaniwekea ufunguo kwenye kiganja na kunikunja vidole juu yake.

Kifurushi chako kilikuja bila barua, diski na karatasi tu, nikajua umechoka. Sura zote zimo. Nilikaa mzungu akanisomea tangu mwanzo hadi mwisho, na hata nukta moja yangu haikupotea. Isipokuwa mahali pamoja. Kwenye ukurasa wa shukrani nilikuwa nimeandika mistari miwili kukuhusu. Wewe ukairuka. Nimeirudisha.

Nimewasilisha jana, kabla ya mwisho wa mwezi.

Hiram


Kanduyi
10 Novemba 2006

Dada,

Msalimie Mama kwanza, kisha msomee hii akiwa ameketi.

Nimefaulu. Watahini waliniuliza maswali asubuhi nzima. Mmoja alitaka kujua kwa nini maharagwe ya Saboti yanapewa jina la mtu yakifika Kanduyi, nikamjibu hadi akasahau zamu ya mwenzake. Mwishowe mwenyekiti akaulizia ile mistari miwili ya shukrani, kama ni kweli. Nikasema ni kweli, na kwamba ingefaa iwe ukurasa mzima.

Mahafali ni tarehe kumi na tano Desemba. Uje na Mama. Phelista pia atakuwepo, na ndiyo, mwambie Mama anajua kupika mukimo, amejifunza kwa mke wa mchungaji bila kuniambia sababu, nami sijauliza.

Nakuomba jambo moja. Siku hiyo usinishike mkono. Nimepima ngazi za jukwaa kwa fimbo, nazijua. Wewe kaa uangalie, kisha uniandikie yote ambayo sitayaona.

Hiram


Kibomet
19 Desemba 2006

Hiram wangu,

Tumefika salama. Mama amechoka lakini hataki kulala, anapita kwa kila jirani. Kanzu yako ya mahafali uliyomwachia aipige pasi ameivaa mwenyewe mbele ya kioo. Anampenda Phelista. Hajalisema, ila amemtengea kuku.

Habari zangu ni fupi. Bi Edah amenipa darasa la asubuhi la wanaoanza, nianze Januari. Nimejiandikisha pia kwa mtihani wa darasa la nane, na nikipita nitaendelea mbele. Wale wasichana walinipeleka ofisini wakinishika huku na huku kama bibi harusi. Kwa hivyo lile la darasa la saba, sasa unaweza kulisema utakavyo. Halinichomi tena.

Nilitaka barua hii niichape. Nimerudi kwenye kibao, kwa sababu haya sitaki mzungu ayaone kabla yako.

Walipolisoma jina lako, mwenye kulisoma alilivunja vibaya, lakini ulisimama kabla hajalimaliza. Ulivuka ule uwanja peke yako. Fimbo yako ilikuwa inagusa nyasi kidogo tu, kama mtu anayejua njia na anaisalimia. Watu waliokuwa wakiongea waliacha. Penye ngazi askari mmoja alinyoosha mkono akusaidie, kisha akauona uso wako, akaurudisha mkono nyuma na kupiga saluti. Hukumwona. Aliipiga hata hivyo.

Ulipopewa karatasi uliishika kichwa chini. Hakuna aliyecheka. Mama alipanda juu ya kiti, Hiram, na magoti yake yale. Akapiga ngemi tano za mtoto wa kiume kama siku uliyozaliwa, na watu wa Bungoma waliokuwa nyuma yetu wakamwitikia kwa vigelegele vyao, hadi uwanja mzima ukasimama. Hayo uliyasikia. Usichokijua ni kwamba Bwana Wepukhulu alikuwepo. Alikuja kimya, akasimama kwenye uzio na kofia mkononi, na alikuwa analia wazi mbele za watu.

Phelista hakupiga makofi. Alikuwa ameshika mikono yake pamoja kifuani, na midomo yake ilikuwa inahesabu ngazi nawe.

Uliposhuka ukasimama. Ulikuwa unageuza uso huku na huku ukitutafuta, na kofia yako imekaa upande. Tulikuwa mbele yako kabisa, hatua chache tu. Uliniuliza baadaye kwa nini tulikawia kukuita, nikakwambia kelele zilikuwa nyingi.

Kelele hazikuwa nyingi. Nilinyamaza kwa sababu nilitaka kukuangalia.

Dada yako,
Nyaruai